Mjadala: Kiingereza ni ndugu wa Kijerumani au mtoto wa Waviking?

Mwanzisha mada

Wakuu, heshima kwenu. Mwaka 2012 wanaisimu wawili, Jan Terje Faarlund wa Chuo Kikuu cha Oslo na mwenzake Joseph Emonds, walitoa hoja iliyozua kelele hadi magazetini: Kiingereza cha leo si mtoto wa Kiingereza cha Kale. Kwa maelezo yao, lugha hiyo ya mfalme Alfred wa Uingereza, wa karne ya 9, ilikufa. Kinachosemwa leo ni Kinordi, lugha ya Waviking, wavamizi wa baharini kutoka Skandinavia waliolowea mashariki na kaskazini mwa Uingereza, kikabeba maneno ya wenyeji njiani.

Tulivyozoea kusoma ni hivi: Kigermaniki kilipasuka matawi matatu. Mashariki kuna Kigothi, ambacho kimeshakufa. Kaskazini kuna Kiaislandi, Kinorwe, Kideni na Kiswidi. Magharibi kuna Kijerumani, Kiholanzi, Kifrisia na Kiingereza. Jamaa hawa wanataka Kiingereza kihame tawi. Nani ana ushahidi? Tafadhali tusihesabu maneno ya kamusi tu, maana kwa hesabu hiyo Kiingereza kingekuwa Kifaransa: zaidi ya nusu ya kamusi yake imetoka Kifaransa na Kilatini.

Mtepe

Nipo upande wa Oslo, na nitaeleza kwa nini.

Lugha hukopa majina ya vitu kila siku, lakini kiwakilishi cha "wao" hakikopwi ovyo. Kiingereza cha Kale kilikuwa na *hīe, hiera, him*. Leo tuna *they, their, them*, na mama yao ni Kinordi *þeir, þeira, þeim*. (Herufi þ isomeni kama th ya "thamani", na ð kama dh ya "dhahabu".) Ongeza vitenzi vya kila saa: *take, get, give, die*. Ongeza mwili: *leg, skin*. Haya si maneno ya sokoni, ni ya jikoni na kitandani.

Sasa njooni kwenye sarufi, maana hapo ndipo hoja yenyewe ilipo. Mjerumani katika kishazi tegemezi hutupa kitenzi mwishoni: *weil ich das Buch gelesen habe*. Mnorwe anasema *fordi jeg har lest boken*. Mwingereza: *because I have read the book*. Pangeni neno chini ya neno. Kinorwe na Kiingereza vinaenda sambamba kama reli mpaka kwenye kitabu. Halafu kihusishi kinachoachwa nyuma: *Hvem snakket du med?* kwa Kinorwe, *Who did you talk with?* kwa Kiingereza. Mjerumani lazima aanze nacho: *Mit wem*. Tabia ya sentensi ni ya Kaskazini. Kama sarufi ni ya Kinordi, lugha ni ya Kinordi.

Msasa

Mkuu Mtepe, umelinganisha lugha za leo. Kosa la kwanza hilo. Waviking hawakusema Kinorwe cha leo. Jeshi lao kubwa lilitua Uingereza mwaka 865, York ikaanguka 866, kwa hiyo kinachotakiwa mezani ni Kinordi cha wakati ule.

Na kufikia wakati ule Kinordi kilikuwa kimefanya mambo mawili ambayo ni kama alama ya chanjo begani: kilidondosha *y* mwanzoni mwa neno, na kilidondosha *w* mbele ya irabu za mviringo, yaani *o* na *u*. Tazameni:

mwaka: Kinordi *ár*, Kijerumani *Jahr* (*j* yao husomwa kama *y* yetu), Kiingereza *year*
-changa: Kinordi *ungr*, Kijerumani *jung*, Kiingereza *young*
neno: Kinordi *orð*, Kijerumani *Wort*, Kiingereza *word*
sufu: Kinordi *ull*, Kijerumani *Wolle*, Kiingereza *wool*
mbwamwitu: Kinordi *úlfr*, Kijerumani *Wolf*, Kiingereza *wolf*

Hata mungu wao mkuu alikatwa jina: Waviking walimwita *Óðinn*, Waingereza *Wōden*, na hadi leo Jumatano yao inaandikwa kwa W. Sauti ikishadondoka mwanzoni mwa neno hairudi yenyewe, wala hairudi mahali palepale ilipokuwa. Kiingereza kingekuwa mtoto wa Kinordi, mwaka ungekuwa *ear* na neno lingekuwa *ord*.

Jongoo

Hapo Mtepe kapigwa ya kichwa 😄 Lakini Msasa, mbona *egg*, *give*, *skirt* zina sura ya Kinordi kabisa?

Msasa

Kwa sababu zimekopwa, na zinajulikana kuwa zimekopwa kwa kuwa hazifanani na jirani zao. Kiingereza cha Kale kiligeuza *sk* kuwa *sh*, Kinordi kiliiacha. Kwa hiyo *shirt* ni ya nyumbani na *skirt* ni mgeni, ingawa asili ni vazi moja. Tazama sasa maneno yaliyobaki: *ship, fish, shoe*, ambapo Kinordi kina *skip, fiskr, skór*. Kama nyumba nzima ingekuwa ya Kinordi, ungekuta *sk* kila chumba.

Yai lina kisa chake. Mwaka 1490 mchapaji William Caxton aliandika kwamba wafanyabiashara walikwama na jombo lao kwenye mlango wa mto Thames kwa kukosa upepo, wakashuka pwani ya Kent kutafuta chakula. Mmoja wao, jina lake Sheffield, akaomba *eggys*. Mama mwenye nyumba akajibu kuwa hajui Kifaransa. Sheffield akakasirika, maana naye hakijui. Mwenzake akasema *eyren*, na hapo mama akaelewa mara moja. Zaidi ya miaka 600 baada ya jeshi la 865, neno la Kinordi bado lilikuwa halijafika Kent! Lugha iliyorithiwa haisambai polepole hivyo kijiji kwa kijiji. Mkopo ndio unaosambaa hivyo.

Bi Kalamu

Niingie kwenye mbinu, maana wengi wanaosoma hapa watataka kujaribu wenyewe na watakosea palepale wanapokosea wengi.

Anza na umbo la zamani kabisa lililoandikwa la kila lugha. Kigothi ni muhimu kwa sababu tafsiri ya Biblia ya askofu Wulfila ni ya karne ya 4. Nakala yake maarufu, ya wino wa fedha kwenye ngozi ya zambarau, imehifadhiwa Uppsala. Kisha chukua maneno yasiyokopwa kirahisi, tafuta sauti inayolingana kwa utaratibu, si kwa kufanana. Hatua ya mwisho ndiyo watu huiruka: tenganisha kilichobaki cha babu na kilichobuniwa na wajukuu. Undugu wa tawi hupimwa kwa ubunifu wa pamoja tu. Kwamba Kiingereza na Kinordi vyote vina *f* penye *p* ya Kilatini (*pater* na *father*, *piscis* na *fish*) hakuthibitishi lolote hapa, kwa kuwa badiliko hilo, alilolieleza Rasmus Rask mwaka 1818 na Jacob Grimm mwaka 1822, ni la Wagermaniki wote. Ni sawa na *p* yetu katika "pa" na "pona" ambayo Kikuyu kinaitamka *h*: *he*, *hona*. Ulinganifu wa namna hiyo unakuonyesha ukoo, haukuonyeshi chumba.

Mtego mwingine ni kutumia Kiingereza cha leo kana kwamba hakijaguswa. *Father* na *brother* leo zina sauti moja katikati. Lakini Kigothi kina *fadar* na *brōþar*, Kiingereza cha Kale *fæder* na *brōþor*. Tofauti hiyo ilimsumbua Grimm; Karl Verner akaifumbua miaka ya 1870 kwa kutazama mkazo wa Kisanskriti, lugha ya kale ya India iliyo ndugu wa mbali wa Kigermaniki: *pitā́* mkazo mwishoni, *bhrā́tā* mkazo mwanzoni. Mtu akichukua *father* ya leo, ushahidi wote huo unapotea kwa sababu *d* iligeuka *th* baadaye sana.

Sasa ubunifu wa Magharibi, tuuone umo au haumo. Konsonanti kurudufishwa mbele ya *j* (isomwayo *y*): kuomba ni *bidjan* kwa Kigothi, *biðja* kwa Kinordi, lakini *biddan* kwa Kiingereza cha Kale na *bitten* kwa Kijerumani. Imo. Chumba cha ndani zaidi, cha watu wa pwani ya Bahari ya Kaskazini: *n* na *m* kumezwa mbele ya *f* na *th*. Tano ni *fünf* kwa Mjerumani, *fimm* kwa Kinordi, *five* kwa Mwingereza, *fiif* kwa Mfrisia. Jino ni *tǫnn* kwa Kinordi, *tooth* kwa Mwingereza. Imo pia. Jibu la mbinu halina kigugumizi.

Na sisi Waswahili hoja hii si ngeni kwetu. "Sita", "saba" na "tisa" zimetoka Kiarabu, ila "watoto sita wamelala" imejengwa kwa Kibantu kuanzia *wa-* ya kwanza hadi ya mwisho, na sauti zake zinaiweka pamoja na Kipokomo, Kimijikenda na Kingazija.

Mtepe

Bi Kalamu, shikamoo kwa darasa, lakini mfano wako unanisaidia mimi! Umesema Kiswahili ni Kibantu kwa sababu sarufi ni ya Kibantu hata kama maneno yamekopwa. Ndicho wasemacho Faarlund na Emonds: maneno *year* na *wolf* ni mikopo ya wenyeji, sarufi ni ya Kinordi. Huwezi kutumia sarufi kwa Kiswahili na sauti kwa Kiingereza.

Msasa

Swali la haki, basi twende kwenye sarufi yenyewe. Lakini nitenganishe viambishi na mpangilio wa maneno. *Wa-* ni kiambishi. Mpangilio wa maneno hauna sauti wala umbo. Lugha mbili zisizojuana zinaweza kuwa nao sawa.

Kinordi kilikuwa na viambishi vyake vinavyokitambulisha. Kwanza, kibainishi mkiani: *dagr* ni siku, *dagrinn* ni ile siku. Kiingereza hakina. Pili, vitenzi vya kujitendea vya *-sk*: *búask*, kujiandaa. Kiingereza kilichukua *busk* zima-zima kama kokoto kwenye mchele, kisha hakikuweza kuunda kingine kwa mtindo huo. Mrithi angeendelea kukitumia kiambishi. Mkopaji ndiye hujikuta na neno lililoganda.

Hata mpangilio wa maneno haukusaidii. Kristin Bech na George Walkden walijibu hoja hii mwaka 2016, na kati ya waliyoonyesha ni kwamba Kinordi cha Kale nacho kiliruhusu yambwa kabla ya kitenzi. Kiaislandi kiliendelea hivyo hadi karne ya 19. Waviking wangeletaje mpangilio ambao wao wenyewe hawajautulia? Kihusishi kuachwa nyuma pia kilikuwepo katika Kiingereza cha Kale, kwenye vishazi rejeshi vya *þe*. Kilipanuka tu baadaye.

Kisha tazama saa. Watawa wa Peterborough, ndani ya eneo lililotawaliwa na Wadeni, yaani Waviking wa Denmark, waliandika tarihi yao hadi mwaka 1154. Viambishi vya nomino vimeshaporomoka, sentensi inaanza kufanana na ya leo, lakini "wao" bado ni *hi*. Sarufi yako "ya Kinordi" imefika kabla ya kiwakilishi chako cha Kinordi.

Jongoo

Hao waliopoteza viambishi walipotezaje sasa? Nilidhani ni Waviking na wenyeji kushindwa kuelewana mikia ya maneno, wakaamua kuikata.

Bi Kalamu

Huenda walichangia kuharakisha, lakini ugonjwa ulikuwa wa zamani. Kigermaniki kilihamishia mkazo kwenye silabi ya kwanza ya shina, na kilicho mbali na mkazo huliwa. Kigothi *habaidedeima*, "laiti tungalikuwa nacho", silabi 5; Kiingereza kimebaki na *had*. Mwishoni ni mchwa, Jongoo, si shoka.

Kitale

Mnapigania matawi kana kwamba ni kuta. Pembe ya dhahabu ya Gallehus, kusini mwa Denmark, ya mnamo mwaka 400, iliandikwa kwa runi, herufi za kale za Wagermaniki: *ek hlewagastiz holtijaz horna tawido*, yaani "mimi Hlewagastiz wa Holt nilitengeneza pembe". (Mwizi aliiyeyusha mwaka 1802, tunayo michoro tu.) Someni mwisho wa jina: *-iz*. Ile *-z* baadaye Kinordi kiliigeuza *-r* na Magharibi wakaitupa, lakini hapo bado haijafanya lolote. Wataalamu wengi wanaiona lugha hii kuwa bado ni ya Kaskazini-Magharibi kwa pamoja. Kutoka hapo hadi mwaka 865 ni chini ya miaka 500. Mviking na mkulima Mwingereza walikutana na *gefa* na *giefan*, *fiskr* na *fisc*. Kati ya lugha zilizokaribiana hivyo, hata kiwakilishi kinapita bila forodha. Hoja ya Mtepe kwamba viwakilishi havikopwi inahusu lugha za mbali.

Mtepe

Nimekubali *wolf*. Niachieni *they* basi.

Msasa

Hata hiyo wapo wanaosema ni ya nyumbani, kutoka kiashiria *þā*, "wale". Na Waingereza hawajaacha *hem* ya zamani: *tell 'em* haijakatwa kutoka *them*. Kwa mshairi Chaucer, mwishoni mwa karne ya 14, bado ni *they* lakini *here* na *hem*. Kiliingia kimoja kimoja.

Mtepe

Hiyo ya *þā* siipitishi. Irabu ndefu *ā* ya Kiingereza cha Kale kusini iligeuka *ō*, kaskazini ikabaki *ā*. Orm, mtawa wa Lincolnshire wa karne ya 12 aliyekuwa na wazimu wa tahajia sahihi, anaandika *þeȝȝ*, irabu mbili zilizounganika. *Ā* haikupi *ei* kwa kanuni ya kawaida. *Þeir* inakupa.

Msasa

Umeanza kudai sauti, mkuu? Karibu upande huu.