Whiskey Sour ya kusaga na barafu: inageuka maji kabla glasi haijafika nusu

KauntaYaNyumbani

Wakuu, habari za jioni. Naomba vipimo sahihi vya Whiskey Sour (kokteili ya wiski, ndimu na sukari) ya kusaga na barafu kwa blenda ya kawaida ya nyumbani, wati 400, jagi la plastiki la lita moja na nusu.

Kwa glasi mbili natumia bourbon (wiski ya Marekani, pombe asilimia 40) 120 ml, maji ya ndimu 60 ml, shira ya sukari 40 ml, halafu najaza barafu mpaka jagi linakaribia kufurika. Inatoka laini, lakini dakika mbili tatu tu inajigawa, theluji juu na maji chini. Kuna mabonge yanabaki ambayo visu haviyafikii. Ladha imepooa: ndimu inasikika, wiski haisikiki kabisa. Tena mota imeanza kutoa harufu ya kuungua.

Shira ni kikombe kimoja cha sukari kwa kikombe kimoja cha maji. Barafu ni ya trei, huwa inakaa kwenye bakuli kama robo saa wakati nakamua ndimu. Wiski inatoka kabatini moja kwa moja, na joto la Dar mnalijua. Niongeze wiski ili isikike?

MzaniKwanza

Mkuu, wiski usiongeze. Ukiongeza utapata maji mapema zaidi.

Tuanze na hesabu yako. Jagi la lita 1.5 likijazwa barafu ya trei linabeba gramu 700 hivi. Jumlisha na vimiminika vyako, unapata kama 920 ml ikishayeyuka. Pombe halisi iliyomo ni 48 ml, yaani asilimia 5 na kidogo. Ni nguvu ya bia. Ndiyo maana wiski huisikii: barafu imekuwa nyingi mno. Lengo la kinywaji cha aina hii ni asilimia 7 hadi 8, ukihesabu barafu yote kama maji. Chini ya hapo kinapooa. Ukipanda sana juu ya 10 hakisimami, kwa sababu pombe inashusha joto la kuganda. Wiski ya asilimia 40 haianzi kuganda mpaka karibu nyuzi 27 chini ya sifuri, na friza ya nyumbani inaishia nyuzi 18.

Kwa hiyo barafu ipimwe kwenye mzani kama unga wa maandazi. Vipimo vya glasi moja kubwa:

Bourbon 60 ml
Maji ya ndimu au limau, yaliyochujwa, 30 ml
Shira 45 ml
Barafu gramu 200
Chumvi, punje chache tu za kubana kwa vidole viwili

Kama huna kikombe cha kupimia, kijiko cha chakula ni 15 ml: wiski vijiko 4, ndimu 2, shira 3.

Usishtuke kuona shira imezidi ndimu. Ulimi uliopoa hausikii utamu vizuri, ndiyo maana aiskrimu ikiyeyuka inakuwa tamu kupita kiasi. Vipimo vya Whiskey Sour ya kutikiswa ukivileta kwenye blenda jinsi vilivyo, ndimu inatawala. Kazi ya pili ya sukari ni kufanya maji yanayozunguka chembe za barafu yawe mazito, yasichuruzike haraka kwenda chini. Wewe una gramu 22 hivi za sukari kwenye karibu lita nzima, hakuna cha kuzuia kujigawa. Shira ipime kwa uzito: sukari gramu 200, maji gramu 200, pasha mpaka sukari iyeyuke, basi. Usiichemshe muda mrefu, maji yatapungua na vipimo vitabadilika. Unapata kama 325 ml, inatosha glasi saba.

Sasa joto. Wiski, ndimu na shira vikiwa na nyuzi 28, gramu 40 hivi za barafu zinayeyuka kwa kuvipoza tu, kabla kinywaji hakijaanza kuwa kizito. Chupa ya wiski ilaze friza usiku kucha, haipasuki kwa sababu haigandi. Ndimu na shira viwe vya friji. Glasi nayo, dakika 20 friza: glasi nene ya gramu 300 yenye joto la chumba inayeyusha gramu 20 za barafu peke yake, na ni zile zinazogusa ukuta, ndiyo maana unaona maji yanaanzia pembeni.

Na barafu itoke friza ikiwa jagi liko tayari mezani. Robo saa kwenye bakuli inakupa barafu yenye maji ya ziada ambayo hukuyapima. Barafu nzuri ukiigusa inanata kidoleni. Ikiteleza, imeshaanza kuyeyuka.

Jambo lingine ambalo watu hulisahau: barafu inavuta harufu. Kama friza ina samaki au nyama, trei ifunikwe. Harufu ya perege kwenye bourbon hakuna ndimu itakayoificha.

FundiMota

MzaniKwanza kamaliza vipimo, mimi niseme upande wa mashine. Ile harufu ni mota inayolazimishwa. Wati 400 inasaga barafu, ila haipasui mabonge ya trei vizuri. Yapasue mwenyewe kwanza: yafunge kwenye taulo safi, yagonge kwa kifimbo cha kusukumia chapati mpaka vipande viwe na ukubwa wa harage. Fanya haraka, sekunde 20, taulo lisilowe. Pima gramu zako baada ya kugonga.

Vimiminika vitangulie jagini, barafu juu yake. Barafu ikitangulia visu vinakwama kwenye bonge kavu, na hapo ndipo mota inapopata joto.

Usiwashe moja kwa moja. Bonyeza sekunde mbili, achia, mara sita hadi nane. Kisha acha izunguke sekunde 15 hadi 20 na usikilize. Mwanzo utasikia kama kokoto kwenye debe, halafu sauti inashuka na kuwa nzito. Ikipanda ghafla na kuwa nyembamba, kama blenda haina kitu ndani, ujue pamekuwa na tundu la hewa kwenye visu na barafu imeganda pembeni. Kuendelea kusaga hapo ni kuchosha mota bure. Zima, chomoa waya, sukumia chini kwa mwiko wa mbao, rudia. Hayo mabonge yako yasiyoguswa yanatoka hapo, pamoja na jagi kujazwa mno. Kwa mashine yako saga glasi moja, mbili kwa shida, na kati ya raundi moja na nyingine ipumzishe dakika tatu.

Dalili kwamba imefika ni hii: kinywaji kinazunguka polepole chenyewe kikiwa na shimo dogo katikati, na ukipitisha kijiko juu, alama inabaki sekunde kadhaa bila kujifuta. Simamisha hapo hapo. Visu vinazalisha joto, na nusu dakika ya ziada inatosha kuirudisha kuwa juisi.

Ukishamimina, osha sehemu ya visu na mpira wake mara moja. Sukari na ndimu vikikaukia pale, siku ya pili mpira hauzibi vizuri, maji yanashukia kwenye mota.

KauntaYaNyumbani

Shukrani sana wakuu, sasa naelewa nilikuwa napima kila kitu isipokuwa kile kilichozidi vyote. Maswali mawili ya nyongeza. Kuna wageni wanane Jumamosi, siwezi kusaga glasi moja moja. Na ute wa yai ambao Whiskey Sour nyingi hutiwa, nao uingie?

DadaWaFriza

Kwa watu wanane, kaka, achana na barafu. Gandisha kinywaji chenyewe.

Mwaka 1971 kule Dallas, Marekani, Mariano Martinez alikuwa na mgahawa ambao wahudumu wa baa hawakuweza kusaga margarita (kokteili ya tequila na ndimu) za kutosha, tena kila jagi lilitoka na ladha yake. Akachukua mashine ya aiskrimu laini akaigeuza iwe ya kugandishia margarita. Mashine ile leo iko makumbusho ya Smithsonian, Washington. Ndani yake haiingii barafu hata kipande: maji yanatiwa kwenye mchanganyiko, halafu wote unagandishwa pamoja huku ukikorogwa. Nyumbani friza na mkono wako vinaweza kufanya kazi hiyo.

Vipimo vya wanane: bourbon 480 ml, ndimu 240 ml, shira 360 ml, maji safi ya kunywa yaliyopoa 800 ml, chumvi robo kijiko cha chai. Inakuja kama lita 1.9, pombe asilimia 10 hivi. Maji ni nusu ya barafu ambayo ungetumia kwenye blenda, na ni kwa makusudi: mchanganyiko huu unakaa saa nyingi kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri, ukiweka 1,600 utapata jiwe.

Gawa kwenye mifuko miwili ya zipu au makopo mapana, kina kisizidi sentimita tatu, ulaze friza Ijumaa jioni. Ipe saa 12. Baada ya saa nne toa, finyanga mfuko kwa mikono, rudisha. Usipofanya hivyo, maji yanaganda kwanza, wiski na sukari vinabaki chini, na wageni wa mwisho ndio wanaopata pombe yote. Umeme ukikatika na ikalegea, hakuna hasara, finyanga tena umeme ukirudi.

Wakati wa kutoa, vunja kwa mikono, tia kwenye blenda sekunde 10 tu. Hata uma kwenye bakuli unatosha, ila itakuwa na chembe kubwa kidogo. Kila glasi bado ina wiski 60 ml, toti mbili kamili, ila ubaridi na sukari vinaificha, kwa hiyo waambie wageni kilichomo.

Ute wa yai acha. Kazi yake ni povu, na blenda inaingiza hewa ya kutosha bila yai. Tena yai bichi haliwi salama kwa kugandishwa, ubaridi hauui vijidudu vya salmonela.

Ndimu na limau unaweza kubadilishana kwa kipimo kile kile, ukali wao unakaribiana sana, kama asilimia 6. Tofauti ni harufu. Kwa bourbon napendelea limau, ni la upole zaidi. Ukikosa, ndimu, lakini kamua kwa mkono bila kulipinda ganda ndani nje, ule weupe wa ndani ndio uchungu. Na zikamuliwe siku ile ile ya kuchanganya.

MzaniKwanza

Nakubaliana na dada. Niongeze la wiski ipi. Bourbon inafaa kwa sababu utamu wake wa mahindi na harufu ya vanila kutoka mapipa mapya yaliyochomwa ndani hubaki vikisikika hata kwenye ubaridi. Chupa ya bei ya kawaida inatosha, kama Jim Beam ya lebo nyeupe. Ile ya miaka mingi inywe bila barafu, hapa utaizika. Soma asilimia kwenye lebo: ikiwa 50 badala ya 40, tumia 48 ml na ongeza maji 12 ml.

Mwenye wiski ya Scotland ajaribu njia ya Penicillin, kinywaji alichobuni Sam Ross kwenye baa ya Milk & Honey, New York, mwaka 2005. Badala ya shira weka asali na tangawizi. Asali usiitie jagini ikiwa nzima, kwenye barafu inaganda na kushika visu kama gundi. Changanya sehemu mbili za asali na moja ya maji moto, poza kabisa. Kwa glasi moja: wiski ya kawaida ya Scotland 55 ml, limau 30 ml, asali hiyo 35 ml, maji ya tangawizi mbichi iliyokwanguliwa na kukamuliwa kwa kitambaa 10 ml, barafu gramu 200. Ikishaingia kwenye glasi, mwagia juu kijiko kimoja cha chai cha wiski ya moshi ya kisiwa cha Islay, Scotland. Usiisage pamoja na vingine. Ubaridi unafunga harufu, na ule moshi unatakiwa ukutane na pua kabla mrija haujafika mdomoni.