Saladi ya mtama na maharage kwa wageni 40: naombeni ushauri isitoe maji

Mama Bi Harusi
Wadau, habari za leo. Jumamosi ijayo tunamfanyia binti yetu sendofu hapa Mwanga, Kigoma. Upande wa mkwe wengi ni Wasabato wasiogusa nyama, na sitaki wakae wanaangalia wenzao wakila sambusa za nyama huku wao wakisubiri wali. Nataka cha kuanzia kiwe kimoja kwa wote: saladi ya baridi ya nafaka na maharage, yenye mboga mbichi.

Nimejaribu mara mbili. Ya kwanza niliweka wali na maharage mekundu, ikawa kiporo kitupu. Ya pili nilichemsha mtama, ukavimba, nikachanganya na nyanya, tango, kitunguu na ndimu saa nne asubuhi. Kufika saa nane mchana chini ya bakuli kuna maji kikombe kizima, na maharage hayana ladha hata kidogo. Nimekosea wapi? Na kwa watu 40 nipime vipi?

Mpishi wa Kasulu
Shikamoo mama. Mtama hauna kosa, maji hayo ni ya nyanya na tango, chumvi ndiyo inayoyavuta. Toa mbegu zote, katakata, nyunyizia chumvi, acha kwenye chujio dakika 20, kisha umwage maji yake. Uchanganye wageni wakishaanza kukaa, si asubuhi.

Maharage yanataka viungo yakiwa bado ya moto. Ukishayachuja tu, mwagia ndimu, chumvi na mafuta hapo hapo, yanywe. Yakishapoa hayanywi vizuri, ladha nyingi inabaki juu ya ganda. Ila ndimu isiingie yakiwa jikoni, uchachu hukaza ganda na utamaliza mkaa bure. Tafuta ya njano ya huku kwetu. Chukua moja, libonyeze kwa kidole gumba: likilainika ndani na ganda halijapasuka, epua.

Nyuki Mdogo
Nipo Tabora. Mtama uwe mweupe, mwekundu mara nyingi una uchungu. Loweka usiku kucha, uchemshe kwenye maji mengi kama maharage, usiupike kwa kukausha kama wali. Kuanzia dakika 50 uwe unaonja: punje iwe laini lakini meno yaisikie. Chuja, tandaza kwenye sinia pana upoe. Ukiuacha kwenye sufuria unaendelea kuiva wenyewe, ndiyo maana wako ulivimba.

Kwenye ndimu ongeza kijiko cha asali. Mkipata ya nyuki wadogo ni bora zaidi, ina uchachu wake unaopatana sana na kitunguu.

Mwana wa Kibirizi
Kigoma bila mawese? Mwagia mawese mama, rangi itapendeza!

Mpishi wa Kasulu
Kaka, mawese nayapenda kuliko mengi, lakini kwenye chakula cha baridi yanaganda na kushika mdomoni. Alizeti hayagandi. Mawese abakize kwenye mchicha.

Nesi Mstaafu
Mama, kama utarudia maharage mekundu, sikiliza hili. Loweka kwa saa 5 au zaidi, maji hayo mwaga, weka mapya, na yatokote kwa nguvu angalau dakika 10 kabla ya kupunguza moto. Yasipotokota vizuri yana sumu inayotapisha, na moto mdogo wa makaa peke yake hauiondoi. Mtama na maharage yaliyoiva yasilale nje usiku. Kama friji haina uhakika wa umeme, pika Jumamosi alfajiri.

Vipimo: mtama kilo 1, maharage nusu kilo, mboga kilo 2. Kwa watu 40 inatosha, kila mmoja kibakuli kidogo.

Mama Bi Harusi
Marahaba mwanangu wa Kasulu, na asanteni nyote. Leo nimepima kidogo. Maharage ya njano nimeyamwagia ndimu yakitoa mvuke, na nusu saa baadaye nilipoonja moja ladha ilikuwa mpaka ndani. Kitunguu nimekiosha kwa chumvi kama cha kachumbari, nikaongeza hoho na majani ya giligilani. Zimepita saa tatu sasa, bakuli ni kavu chini. Binti ameonja, akaomba tena, akauliza kama parachichi linaweza kuingia.

Nyuki Mdogo
Linaingia. Likate mwisho kabisa, lipake ndimu lisiwe jeusi, liweke juu bila kukoroga.