Uzi wa King Majuto: kazi yake ilikukuta wapi? Tupeane uzoefu

Wakuu, salaam. Mzee Amri Athumani, mchekeshaji wetu King Majuto, alizaliwa Tanga mwaka 1948 na akafariki hospitali ya Muhimbili Agosti 8, 2018. Alianza kuigiza akiwa mtoto, akapita jukwaani, kwenye mikanda ya video, CD, hadi matangazo ya biashara. Wasifu wake tunaujua. Hapa kila mtu aseme kazi yake ilimkuta wapi.

Naanza. Marehemu baba alikuwa fundi cherehani, si mtu wa kucheka. Jioni moja tumeweka CD ya Majuto, baba yuko mlangoni na pasi ya mkaa. Majuto kaingia sebuleni kwa watu, koti limemzidi, anatafuta pa kukaa. Hajasema neno. Baba akaweka pasi chini, akacheka mpaka akakaa kwenye kizingiti. Akasema, "Huyu nimeshamshonea." Hawakuwahi kuonana. Alimaanisha wateja wake, wazee wa mtaani wenye aibu na njaa kwa wakati mmoja.

MBAGALA MOJA
Mkuu umenikumbusha kibanda umiza cha kwetu, lile banda la kuonyeshea video kwa kiingilio. Siku za kawaida ni filamu za mapigano, vijana watupu. Sikukuu ya Idi mwenye banda anaweka Majuto, basi akina mama wanaingia na watoto mgongoni. Mama yangu hakuwahi kukanyaga pale siku nyingine yoyote.

FUNDI WA JUKWAA
Mimi naigiza, kwa hiyo nilikuwa namwangalia mgongo. Akiwa mlinzi anauachia ulegee. Akiwa baba mwenye nyumba, mikono inaenda nyuma na kifua kinatangulia. Sura na lafudhi ni zilezile za Tanga, ila mtu ni mwingine kabisa. Halafu hakuwa anacheka kichekesho chake. Shida ya yule mhusika kwake ilikuwa shida kweli, anaihangaikia jasho linamtoka. Nimejaribu miaka mingi. Ukimdharau unayemwigiza hata kidogo, watazamaji wanaona.

BINTI MUHEZA
Msimsahau Sharo Milionea jamani, yule mchekeshaji kijana aliyeigiza na Majuto. Alifariki kwa ajali ya gari huku kwetu Novemba 26, 2012, na mimi kila nikiwaona wale wawili pamoja nalia bado. Kijana na usharobaro wake, mwendo wa madaha, na mzee amesimama anamtazama tu kama mzazi anayejiuliza huyu ni mwanangu au kabadilishwa. Mzee mzima na jina lake, lakini alimwachia kijana nafasi ang'are. Wakubwa wangapi wanafanya hivyo?

MTU WA KAMERA
Niongeze upande mchungu. Mzee alipougua 2018, akatibiwa hadi India, ndipo habari ya mikataba ya wasanii ikazungumzwa kwa sauti. Sisi wadogo tulikuwa tunaijua. Nilicheza na kupiga picha filamu tatu, nikalipwa mara moja tu, maana msambazaji alizinunua mazima. Moja iliuzwa mpaka stendi ya kwetu, nikainunua kwa hela yangu nimpelekee bibi. Mkataba ninao mpaka leo, karatasi moja, haina hata tarehe. Kama kuna mwanasheria humu, naomba aniambie kama bado una kazi.