Majumba ya sinema, taarab na jukwaa: maisha ya sanaa ya Mombasa mjini yalifungamana vipi?

Mwanafunzi wa Tudor aliuliza:

Asalaam aleikum, na hamjambo nyote. Ninakusanya maelezo kuhusu majumba ya sinema na ya michezo ya kuigiza yaliyokuwa katikati ya mji wetu, upande huu wa kisiwa ulio baina ya Mji wa Kale, Makadara, Barabara ya Digo na Barabara ya Moi. Majina ya Regal, Majestic, Naaz, Kenya na Lotus nimeyasikia tangu utotoni, kwani watu wazima wa nyumbani kwetu huelekezana njia kwa kuyataja, ijapokuwa miaka mingi imepita tangu tikiti ziuzwe huko.

Orodha ya majumba si shida yangu. Ninalotaka kulielewa ni kazi yaliyoifanya katika maisha ya mji. Kabla yake watu walikusanyika wapi kutazama na kusikiliza? Je, ni kweli, kama nilivyoambiwa, kwamba sinema ndiyo iliyoziua ngoma za zamani? Na imekuwaje mji uliozaa washairi wakubwa wa Kiswahili usitajwe sana panapozungumzwa habari za tamthilia ya Kiswahili? Nitashukuru kwa lolote mtakalonieleza, hasa kutoka kwenu mliokulia mitaa hiyo.

Mzee wa Kibokoni alijibu:

Wa aleikum salaam, mwanangu. Nitaanza na hilo la kabla ya sinema, kwa sababu watu wengi huanzia Regal na Majestic wakadhani mji ulikuwa umelala mpaka projekta ilipowashwa.

Ukumbi wa mwanzo wa Mombasa ulikuwa njia na viwanja. Mwanzoni mwa karne ya 20, beni, ngoma ya kuiga bendi za kijeshi, ilipotamba katika Mwambao, vijana wa mji walijigawa katika makundi yaliyoshindana kwa sare, kwa vyeo vya kuigiza jeshi na kwa paredi za barabarani, na hapa kwetu makundi ya Kingi na Scotchi ndiyo yaliyovuma. Ushindani huo ulikuwa wa kweli, tena wa gharama: kundi lilichanga fedha ili liwapite wapinzani wake kwa mavazi, kwa karamu na kwa ala. Mji ulikuwa umeshaunganishwa na bara kwa reli iliyoanza kujengwa hapa mwaka 1896, na bandari ya Kilindini ilikuwa ikiwavuta watu wa kila namna, kwa hiyo beni ilimpa mgeni na mwenyeji nafasi ya kuonekana mbele ya mji mzima.

Wanawake nao walikuwa na ngoma yao ya lelemama, na hapa ninaomba usipite haraka. Vyama vya lelemama, kama vile Ibinaal Watan na Banu Saada, vilikuwa na viongozi wenye vyeo, michango, sheria zao na nyimbo za mafumbo walizotupiana kwa ustadi mkubwa. Mtu aliyetiwa ndani ya wimbo wa lelemama hakuhitaji kutajwa jina ili mtaa mzima umjue. Mwanamke ambaye hakuwa na sauti katika baraza la wanaume alikuwa nayo huko, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo taasisi ya sanaa iliyopangika vizuri kuliko zote ambazo mji huu umewahi kuwa nazo, ingawa haikuwa na jengo lake.

Kwa hiyo siwezi kukubali kwamba sinema iliziua ngoma. Lelemama ilififia kadiri wasichana walivyopata elimu ya shule, siasa ya uhuru ilipofungua vyama vya aina nyingine, na baadhi ya wanavyuoni walipozidi kukemea ngoma za hadharani. Sinema ilikuwa moja tu kati ya vivutio vilivyogombea jioni za watu.

Jambo moja zaidi, kisha niwapishe wengine. Enzi za ukoloni mlango wa sinema haukuwa wazi kwa wote kwa kiwango kimoja. Wakaguzi wa filamu waliweza kuiruhusu filamu kwa Wazungu na Wahindi wakaizuia kwa Waafrika, na ndani ya jumba bei ya viti iliwatenga watu hata pale ambapo sheria haikuwatenga. Mtu akikusimulia kwamba sinema iliwakutanisha watu wote wa Mombasa, muulize aliketi wapi.

Binti wa Ndia Kuu alijibu:

Ahsante, Mzee wetu. Ningependa kuendelea hapo ulipoachia, kwa sababu ukweli wa viti na bei hauondoi ukweli mwingine, kwamba filamu za Kihindi zilitoka ukumbini zikaingia katika nyumba zetu kwa njia ambayo hakuna mwenye jumba aliyeipanga.

Katika miji ya Mwambao, wenye majumba walitenga maonyesho ya wanawake peke yao. Mama zetu na mashangazi walivaa mabuibui yao, wakaenda kwa makundi pamoja na watoto, na waliporudi mtaani hadithi ilisimuliwa upya kwa wasiokwenda, pamoja na nyimbo zake. Lugha ya Kihindi haikuwa kizuizi kikubwa, kwani mambo yaliyosimuliwa walikuwa wakiyaishi: ndoa ya kupangiwa, heshima ya ukoo, mkwe na mama mkwe, mapenzi yaliyozuiwa na wazazi.

Kutoka hapo ndipo tunapofika kwa Juma Bhalo, ambaye kwangu ndiye ufunguo wa swali lako, ndugu Mwanafunzi. Mohamed Khamis Juma Bhalo, aliyefariki mwaka 2014, alijulikana kote Mwambao kwa taarab yenye mahadhi ya Kihindi. Alichukua lahani za aina ile iliyoimbwa na akina Mohammed Rafi, mwimbaji wa filamu za Kihindi, akazitia mashairi ya Kiswahili, mengi yakiwa ya jamaa yake mshairi Ahmad Nassir Juma Bhalo. Wako wanaoidharau kazi hiyo kwa kuiita uigaji. Mimi naona hawajajaribu kuifanya. Shairi letu la kawaida lina mizani, yaani silabi, 16 katika kila mshororo, nane kwa nane, na nyimbo nyingi za taarab huenda kwa beti za mishororo mitatu. Lahani ya filamu haikutungwa kwa hesabu hiyo: mahali pengine inarefuka, pengine inakatika ghafla, pengine inarudia kipande ambacho mshairi hakukiandalia neno. Mwimbaji alilazimika kuvuta silabi, kurudia nusu ya mshororo, au kumrudia mtunzi ili kina kiangukie pale pale lahani inapotua. Zaidi ya hayo, msikilizaji aliyeijua filamu alikuwa na huzuni ya kisa kile tayari moyoni mwake, kisha akasikia juu yake fumbo la Kiswahili lililomhusu jirani yake. Tabaka mbili za maana zikafanya kazi kwa wakati mmoja.

Tena hiyo haikuwa njia ya pekee mjini. Zein l'Abdin, mzaliwa wa Lamu aliyefanya kazi yake Mombasa, alishika udi, ile ala ya nyuzi, na kuelekea upande wa muziki wa Kiarabu pamoja na midundo ya ngoma za Kiswahili. Zuhura Swaleh, Malika na Maulidi Juma walikuwa na mitindo yao, na katika taarab ya Mombasa mlio wa tashkota, ala ya nyuzi yenye vibonye, ulisikika wazi kiasi kwamba mtu aliutambua akiwa barabarani.

Jukwaa la haya yote lilikuwa harusi. Turubai lilifungwa mtaani, wanawake wakaketi, mwimbaji akaimba mpaka usiku wa manane, na aliyeguswa na ubeti aliinuka kwenda kutunza, huku kila mtu akitazama ni nani aliyetunza na ni kwa ubeti upi. Kisha kaseti ikatoka. Maduka kama Mbwana Radio Service, na kabla yake na sambamba nalo Assanand na wanawe waliotoa sahani za santuri kwa nembo ya Mzuri, ndiyo yaliyoeneza sauti ya harusi ya Mombasa hadi Lamu, Tanga na Unguja. Kwa hiyo ukichora ramani yako, usiishie kwenye majumba ya sinema. Chora pia maduka ya redio na mitaa iliyofungwa turubai, kwa sababu wimbo ule ule ulipita kote huko.

Mwalimu wa Tononoka alijibu:

Nitashughulikia swali la tamthilia, kwa kuwa nimelifundisha kwa miaka mingi.

Little Theatre Club, iliyoko Mnazi Mmoja, ilianza kama klabu ya Wazungu wapenda maigizo, na kwa muda mrefu michezo yake ilikuwa ya Kiingereza, mbele ya hadhira ndogo. Vivyo hivyo Nairobi, ambako Kenya National Theatre ilifunguliwa mwaka 1952 katika mazingira ya kikoloni. Jukwaa lenye pazia lilipokuja Mombasa, basi, lilikuja likiwa la watu wengine, nao wenyeji walikuwa na maonyesho yao tayari. Hayo yanatosha kueleza kwa nini Kiswahili kilichelewa kupanda jukwaani, lakini si kwamba mji huu haukuwa na drama. Tangu zama za Muyaka bin Haji, aliyefariki mwaka 1840, washairi wa Mombasa wamekuwa wakijibizana hadharani kuhusu vita, watawala na majirani. Mshairi Abdilatif Abdalla, mzaliwa wa mtaa wa Kuze hapa Mombasa, alifungwa kuanzia mwaka 1969 hadi 1972 kwa maandishi ya kisiasa, na jela hakuacha kutunga mashairi.

Sababu ya pili ni ya kisheria, nayo haitajwi vya kutosha. Chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, mchezo ulihitaji kibali cha serikali kabla ya kuonyeshwa. Mwaka 1977 kibali cha mchezo wa wanakijiji wa Kamirithu, Limuru, kilifutwa, na kila kikundi nchini kilipata ujumbe. Alamin Mazrui, mwana wa Mombasa aliyechapisha mwaka 1981 tamthilia ya Kiswahili kuhusu wafanyakazi wa shambani na haki zao, alitiwa kizuizini mwaka uliofuata. Kijana wa Mombasa mwenye kipaji cha kuandika mazungumzo makali alijua kwamba fumbo ndani ya wimbo wa harusi halihitaji kibali.

Kilichoiweka tamthilia ya Kiswahili hai katika mji wetu ni shule. Mashindano ya drama ya shule, pamoja na vikundi vinavyoigiza vitabu vya mitihani kwa ajili ya wanafunzi, ndivyo vilivyowajaza vijana wa Kiswahili katika kumbi zile zile zilizojengwa kwa ajili ya Wazungu. Wako wanaoiona kazi hiyo kuwa duni kwa kuwa inafuata mtaala. Mimi nimewaona watoto wakitoka humo wakibishana kuhusu mhusika, na hilo linanitosha.

Mwanafunzi wa Tudor aliandika:

Nawashukuru sana, Mzee wangu, Bi na Mwalimu. Limebaki moja: ikiwa sinema ilikuwa imefungamana na mambo mengi hivyo, mbona majumba ya mjini yaliondoka bila mtu kuyapigania?

Binti wa Ndia Kuu alijibu:

Kwa sababu filamu zenyewe hazikuondoka. Miaka ya 1980 video iliingia nyumbani, na familia zilizokuwa wateja wakubwa wa filamu za Kihindi zikaanza kukodi kanda na kuzitazama sebuleni, wanawake wakiwa na stara zaidi kuliko hata katika maonyesho yao maalumu. Vijana wakapata vibanda vya video mitaani kwa bei ndogo. Jumba la ukumbi mmoja mkubwa lina gharama zile zile kila siku, likijaa au lisipojaa, nacho kiwanja chake katikati ya mji kilizidi kupanda thamani. Mmiliki aliyepiga hesabu hakuhitaji ushauri. Katika miji mingi ya Afrika Mashariki majumba ya namna hiyo yamegeuzwa maduka, maghala au mahali pa ibada, na hapa kwetu sinema ya kisasa imevuka daraja kwenda Nyali, ambako kuna maegesho ya magari.

Kilichopotea ni kule kutazama pamoja katikati ya mji, na hilo nalisikitikia kwa dhati. Ngome ya Yesu ilikuwa jela hadi mwaka 1958, ikawa makumbusho mwaka 1960, na mwaka 2011 ikaingia katika orodha ya Urithi wa Dunia. Majumba ya sinema hayakupata mtetezi wa namna hiyo, ijapokuwa wakazi wengi wa mji waliyapenda kuliko ngome.

Ukianza mahojiano yako, usiwatafute wamiliki kwanza. Watafute walioendesha projekta, waliochora mabango, waliouza tikiti na njugu mlangoni, na wapigaji tabla wa makundi ya taarab. Waombe majina ya filamu walizozikumbuka, kisha uwaombe wakuimbie wimbo wa taarab uliotokana na kila moja. Ukienda kwa akina mama, nenda na dada yako, maana watamweleza mengi ambayo wewe hawatakueleza.

Mzee wa Kibokoni alijibu:

Naliunga mkono hilo la mwisho. Na ukifika Kibokoni, uliza hapo msikitini baada ya Alasiri. Wako wenzangu watatu wa rika langu watakaokuonyesha kwa mguu mahali lilipokuwa kila jumba.