Mjadala: Sinema ya Iran inamwonea mwalimu?

Kinyozi wa Picha
Wadau, naanza bila kuzunguka. Chukua filamu za Iran zinazogusa shule, kuanzia zile za Kanoon (ile taasisi ya watoto na vijana ya tangu 1965, ambako mwongozaji Abbas Kiarostami alisaidia kuanzisha idara ya filamu) hadi za mwongozaji Majid Majidi. Mwalimu ni yule yule: koti la suti, sauti juu, sikio hakuna. Katika "Nyumba ya Rafiki Iko Wapi" ya Kiarostami, 1987, anachana daftari la mwanafunzi Nematzadeh mbele ya darasa zima huku mtoto analia. Katika "Watoto wa Peponi" ya Majidi, 1997, mwalimu wa nidhamu anawasubiri wachelewaji kama askari wa forodha. Je, shule za kule ndivyo zilivyokuwa, au waongozaji walimtwisha mwalimu kila walichoogopa kuisema serikali? Mimi nasema wamemwonea. Waziri huwezi kumgusa, mwalimu wa kijijini unamgusa unavyotaka.

Chaki Nyeupe
Mkuu, kabla ya kutetea walimu, tazama picha vizuri. Hakuchana daftari. Alichana KARATASI. Mtoto aliandika kazi kwenye karatasi kwa sababu daftari lake lilibaki kwa binamu yake, na lilikuwa kosa la mara ya tatu. Ndiyo maana anaambiwa akirudia atafukuzwa. Ungekuwa umeielewa filamu usingeteleza hapo, kwa sababu hadithi yote inasimama kwenye daftari: lingechanwa daftari, Ahmad, rafiki aliyelichukua kwa makosa, asingekuwa na cha kurudisha Poshteh, kijiji cha Nematzadeh.

Na sharti la daftari lina maana kitaaluma. Karatasi inapotea. Daftari linakuonyesha mwandiko wa mwezi uliopita na wa leo pembeni kwa pembeni, kosa gani limekwisha na lipi linajirudia. Yule mwalimu si katili, ni mtu mwenye utaratibu. Watu wanaomlaumu ni wale wasiojua kushika kalamu nyekundu.

Bint Pangani
Utaratibu? Haya, twende mwisho wa filamu. Ahmad amekosa nyumba, amerudi usiku, ameandika kazi kwenye madaftari mawili, lake na la rafiki. Asubuhi mwalimu anapita dawati kwa dawati, anafungua la Nematzadeh, kuna ua limekauka katikati ya kurasa, anatia alama, anasema vizuri, anaondoka. Mwandiko ni wa mtoto mwingine kabisa! Huyu ndiye anayetaka daftari ili afuatilie mwandiko? Alitaka kutiiwa, basi. Kosa lake si ukali, ni kwamba hasomi anachosahihisha. Walimu wengi wanapiga tiki tu.

Chaki Nyeupe
"Walimu wengi wanapiga tiki tu." Hilo ndilo ulilotaka kusema tangu mwanzo. Fanya hesabu: watoto 40, dakika mbili kila daftari, ni dakika 80, na hapo hujafundisha kitu. Kazi ya darasani inakaguliwa kwa macho, ya kina inasahihishwa baada ya masaa bila malipo. Njoo na kalamu yako uone.

Bint Pangani
Nimezungumzia filamu, kaka, wewe umejibu kama mwakilishi wa chama cha wafanyakazi.

Kijana wa Tegeta
Kwa kweli mwalimu wa kuchana karatasi ni malaika. Huku kwetu Tanzania kanuni za 2002 zinaruhusu bakora nne kwa kibali cha mkuu wa shule, na zikiisha ziandikwe kwenye kitabu. Nani anaandika?

Kinyozi wa Picha
Tusihamishe mada tafadhali. Uzi wa bakora uko kule, una kurasa zake.

Mzee Projekta
Mnagombana juu ya karatasi ya kwenye picha. Niwape ya nyuma ya kamera. Machozi ya Nematzadeh yalipatikanaje? Inasimuliwa hivi: mtoto alipigwa picha ya Polaroid, ile inayotoka papo hapo, akaipenda kupita kiasi. Wakati wa kurekodi ikachanwa mbele yake. Yakamtoka ya kweli. Sasa niambieni nani mwalimu mkali, yule wa darasani au Kiarostami?

Kijana wa Tegeta
DUH.

Bint Pangani
Mzee wangu, hapo umeleta balaa. Maana yake tunalia na mtoto tukidhani tunamlaani mwalimu, kumbe tunatazama mbinu ya mwongozaji.

Fundi Sauti
Msishtuke sana. Mtoto ambaye hajawahi kuigiza humwambii "lia" akalia. Ukimwambia, anakunja uso na kutazama lenzi. Njia ziko chache. Unaweza kumpa mstari mmoja mmoja bila kumwonyesha mswada, ajibu kwa mshangao wake. Unaweza kumrekodi peke yake na mwongozaji akakaa mahali pa mwigizaji mwenzake, kisha ukakata na kuunganisha ionekane wanaongea. Kiarostami alifanya hivyo sana. Njia ya tatu ni kumchokoza hisia. Hiyo ina gharama: unapata kipande kimoja kizuri, halafu mtoto hakuamini tena, na siku zilizobaki anakutazama kwa jicho la pembeni. Ndiyo maana mwenye akili anaiacha hadi mwisho wa ratiba.

Chaki Nyeupe
Yaani mwalimu akichana karatasi ni dhalimu, msanii akichana picha ni "mbinu". Asanteni, nimewaelewa.

Mzee Projekta
Sikusema hivyo, Chaki. Nasema Kiarostami mwenyewe alilijua. Tazama "Mashgh-e Shab" ya 1989, yaani kazi ya nyumbani, mahojiano na wavulana wa shule moja ya Tehran. Amekaa mezani na miwani yake meusi, anauliza. Kila mara anakata anamwonyesha mpigapicha na kamera imeelekezwa kwa mtoto. Angeweza kuificha. Ameiweka makusudi ujue kinachomtisha mtoto si mzazi na mwalimu peke yao, ni huu mtambo pia. Yule Majid anayelia hataki kubaki chumbani bila rafiki yake Molai, analia mbele ya nani? Mwalimu hayumo chumbani.

Bint Pangani
Na majibu yao sasa! Adhabu wanaijua, mkanda wa baba wanaueleza vizuri. Ukiwauliza kutiwa moyo ni nini, wengi wanakodoa. Wakiulizwa wanapenda nini, katuni au kazi ya nyumbani, wanasema kazi ya nyumbani. Hakuna mtoto duniani wa namna hiyo. Wanamjibu mtu mzima anachotaka kusikia.

Chaki Nyeupe
Mkanda wa BABA. Umesema mwenyewe. Mwalimu hajapiga mtu hapo. Wazazi wengi mle hawajui kusoma au hawana muda, kazi inakuwa nyingi, mtoto hana wa kumsaidia, mkanda unafuata. Halafu anayelaumiwa ni mwalimu.

Fundi Sauti
Kuna kipande cha mstarini asubuhi, watoto wanaitikia kaulimbiu za dini huku wanasukumana na kucheza. Sauti inakatwa ghafla, na msimulizi anasema ni kwa heshima, kwa kuwa hawafanyi sawasawa. Kwa kuifuta sauti, kila mtu anaanza kutazama miguu na mikono yao na kuona fujo ambayo masikio yangeifunika. Huo ndio ujanja wa kupita kwenye tundu la sindano la wakaguzi. Kinyozi ana hoja hapo, ila anaitumia kombo. Serikali haikufichwa nyuma ya mwalimu, ilikuwa pale uwanjani, sauti tu ndiyo imezimwa.

Kinyozi wa Picha
Asante kwa kunikumbuka kwenye uzi wangu mwenyewe.

Nahodha Mstaafu
Mbona hamtaji "Mbao Nyeusi" ya Samira Makhmalbaf, 2000, iliyopata tuzo ya jopo kwenye tamasha la filamu la Cannes? Walimu wa Kikurdi wamebeba mbao za kuandikia mgongoni milimani karibu na Iraq, wanatafuta wanafunzi. Hapo mwalimu haonewi, anaonewa huruma. Ubao unageuka machela ya mgonjwa, unapakwa udongo ili wasionekane kutoka angani, unakatwa kipande kufunga mguu uliovunjika, mwisho unakuwa mahari. Malipo ya mmoja wao kwa kuongoza wazee kuvuka mpaka ni kokwa 40 za jozi. Kazi pekee ambayo ubao karibu haufanyi ni kufundishia.

Kijana wa Tegeta
Ile ya mahari iliniua. Anamwoa mjane, anamfundisha "nakupenda" kwenye ubao, mama wala hamtazami. Wakiachana anaondoka na ubao mgongoni, maneno bado yako juu.

Chaki Nyeupe
Na huyo Samira aliacha shule ya sekondari akafundishwa filamu na baba yake nyumbani. Aliyekimbia darasa ndiye anatupa somo kuhusu walimu.

Bint Pangani
Alikimbia darasa akaenda kwa mwalimu mwingine, ambaye ni babaye. Akiwa na miaka 17 alitengeneza filamu yake ya kwanza. Tatizo lako, Chaki, ukisikia neno mwalimu unaona ajira. Kule sinema yenyewe inarithishwa kwa mwalimu na mwanafunzi. Mwongozaji Jafar Panahi alikuwa msaidizi wa Kiarostami, kisha Kiarostami akamwandikia mswada wa "Puto Jeupe" ya 1995. Mwongozaji Bahman Ghobadi naye alimsaidia Kiarostami, tena ndiye anayeigiza mmoja wa wale walimu wa mbao. Hakuna chuo kilichotoa kundi kama hilo.

Mzee Projekta
Na ukiitaja ile minyororo, utaje na pale ilipokatika. Mwongozaji Asghar Farhadi na "Shujaa" yake ya 2021.

Kijana wa Tegeta
Hiyo ya mfungwa na mkoba wa dhahabu? Ilikuwaje?

Mzee Projekta
Farhadi aliendesha warsha ya dokumentari Tehran 2014. Mwanafunzi mmoja, binti, akatengeneza yake kuhusu mfungwa wa Shiraz aliyeokota mkoba akaurudisha. Miaka ikapita, mwalimu akatoa filamu ya kubuni yenye kisa cha namna hiyo, ikapata tuzo kubwa ya pili Cannes. Mwanafunzi akashtaki. Farhadi akasema kisa kilikuwa habari ya wazi na kila mtu ana haki nacho. Kuna karatasi ya 2019 ambayo binti alisaini kwamba wazo ni la Farhadi. Yeye anasema alisaini kwa shinikizo, upande wa pili unakana. Mwishowe mahakama ikamsafisha Farhadi.

Chaki Nyeupe
Basi imekwisha. Tukio halina mwenyewe. Kinacholindwa ni jinsi ulivyolisimulia: mpangilio, maneno, picha. Watu kumi wanaweza kupiga filamu ya mkoba ule ule.

Bint Pangani
Kisheria sawa. Ila hii si ya watu kumi waliosoma gazeti moja. Mmoja alikaa mbele, mwingine kwenye dawati, na wa dawatini ndiye aliyeileta. Karatasi inasainiwa miaka mitano baada ya warsha, na mwalimu wako amekaa upande wa pili wa meza. Utasema hapana?

Chaki Nyeupe
Mtu mzima akisaini amesaini. Au naye tumwite Nematzadeh?

Fundi Sauti
Acheni kuvuana nguo, kosa liko mapema zaidi. Warsha yoyote ya filamu inatakiwa kuwa na ukurasa mmoja siku ya KWANZA, kabla kamera haijawashwa: wazo lililoletwa na mwanafunzi ni la nani, picha ghafi zinabaki kwa nani, mwalimu akitaka kulitumia baadaye anaomba vipi na jina linaandikwa wapi kwenye orodha ya mwisho. Kila upande abaki na nakala. Ukisubiri filamu ifike tamashani, kila sahihi inaonekana ya kulazimishwa hata kama haikuwa.

Nahodha Mstaafu
Kwa wanaotaka mwanafunzi anayeshinda, tazameni "Aya za Duniani" ya 2023, sehemu ya msichana aliyeitwa na mkuu wa shule kwa kosa la kushushwa na mvulana wa pikipiki. Kamera haimwachi binti, mkuu tunamsikia tu. Anakaripiwa weee, halafu anamgeuzia kibao. Sisemi kwa nini.

Kijana wa Tegeta
Sema basi!

Kinyozi wa Picha
Kuna aliyejibu swali langu hata mmoja? Au nifungue uzi mwingine wa wizi wa mawazo?

Chaki Nyeupe
Fungua. Na safari hii andika karatasi, usiandike daftari.

Bint Pangani
Nahodha, ile ya pikipiki ina tafsiri ya Kiingereza au ni Kifarsi kitupu?