Mjadala: Yol ni filamu ya Yılmaz Güney au ya Şerif Gören?

Ndugu wasomaji, kila inapotajwa Yol, filamu ya Uturuki iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, mwaka 1982 sambamba na filamu ya Missing ya Costa-Gavras, wengi husema ni ya Yılmaz Güney na kuishia hapo. Hoja yao ni kwamba aliyebuni kisa, akakiandika na hatimaye kukihariri ndiye mwenye filamu, na kwamba Şerif Gören, aliyeiongoza Güney akiwa gerezani, alikuwa akitekeleza maagizo tu. Hoja hiyo siikubali, ingawa Güney ninamheshimu sana.

Kipaji chake hakina ubishi. Alivuma kwanza kama mwigizaji, hata Waturuki wakamwita Mfalme Mwenye Sura Mbaya. Riwaya yake ilipata tuzo ya Orhan Kemal mwaka 1972. Na filamu yake Umut ya mwaka 1970 ilitosha kumweka miongoni mwa waongozaji wakubwa wa nchi yake. Mwaka 1974 alikamatwa kwa kumuua hakimu huko Yumurtalık, jambo ambalo mashabiki wake hawapaswi kulipita kimyakimya, na tangu hapo kazi zake zikalazimika kupitia mikono ya wengine. Filamu yake Endişe ilimaliziwa na Gören huyohuyo, na filamu ya Sürü ikaongozwa na Zeki Ökten kwa mswada ulioandikwa gerezani.

Sasa tuitazame Yol yenyewe. Güney alimkabidhi kwanza mwongozaji Erden Kıral, upigaji picha ukaanza, kisha akamwondoa kwa kutoridhika naye na kumweka Gören. Kama mwongozaji ni mtekelezaji tu, kulikuwa na haja gani ya kumbadilisha? Güney alijua vema kwamba mswada mmoja ukipewa watu wawili huzaa filamu mbili.

Kumbukeni Seyyit Ali, mmoja wa wafungwa waliopewa likizo fupi katika filamu hiyo, akihangaika kumvusha mkewe Zine katika theluji, akimchapa ili baridi isimlaze usingizi wa mauti, na hatimaye akimbeba mgongoni. Mswada unaweza kueleza tukio hilo kwa ukamilifu, lakini kumfikisha Tarık Akan, mwigizaji wa Seyyit Ali, kwenye uchungu ule usoni ni kazi ya aliyesimama naye kwenye theluji, tena chini ya utawala wa kijeshi uliofuata mapinduzi ya Septemba 1980.

Nakiri kwamba Güney, baada ya kutoroka gerezani mwaka 1981, aliihariri filamu huko Uswisi pamoja na Elisabeth Waelchli, na kwamba uhariri ndio uliozisuka safari za wafungwa wale kuwa kisa kimoja. Siombi jina lake lifutwe. Ninachodai ni kwamba jina la Gören litajwe pamoja naye, kama mwongozaji kamili.

Wanaoona vingine nawaomba wanijibu hili: mkisema Yol ni ya Güney peke yake, basi Sürü nayo ni yake, na Ökten alifanya kazi gani pale?