Kalenda ya nchi yenye miezi miwili: tarehe isemweje bila kumpoteza msomaji?

Muulizaji, Moshi

Salaam kwenu, ndugu waandishi. Ninaandika riwaya ya nchi ya kubuni ambayo anga lake lina miezi miwili: mmoja ulio karibu, unaoandama kila baada ya siku 24, na mwingine ulio mbali, unaoandama kila baada ya siku 40. Wenyeji humwita wa mbali Bibi na wa karibu Mjukuu, kwa kuwa mmoja hutembea taratibu na mwingine hukimbia na kumpita. Mwaka wao nimeupa siku 360.

Shida yangu ni tarehe. Kila tukio nimelipa tarehe mbili, nami nimejikuta nikiandika sentensi kama hii: "Siku ya 7 ya Mjukuu wa tano, iliyokuwa siku ya 23 ya Bibi wa tatu, mzee aliitwa barazani." Rafiki niliyempa sura mbili za mwanzo, tukiwa kwenye kibanda cha chai karibu na stendi, alianza kuhesabu kwa vidole, kisha akafunga daftari na kuniambia kwamba amepotea. Siwezi kuuondoa mwezi mmoja, maana hadithi nzima imesimama juu ya yote miwili. Ninyi mngefanyaje?

Mwalimu wa hesabu, Arusha

Ndugu yangu, hesabu zako ni nzuri kuliko unavyodhani, ila umeziacha njiani. Ukianza siku ambayo miezi yote miwili imefichika, basi siku ya 60 Mjukuu atakuwa amezunguka mara mbili na nusu na Bibi mara moja na nusu. Maana yake wote wawili watakuwa wapevu usiku huohuo, tena mahali pamoja angani. Siku ya 120 watafichika tena pamoja. Hakuna siku nyingine wanapokutana. Usiku wa siku ya 60 upe jina, na tarehe zote zihesabiwe kutoka hapo. Waswahili walikwisha kufanya hivyo: baada ya Ramadhani huja Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, mpaka Mfunguo Tisa, yaani miezi tisa iliyopewa majina kwa kuhesabu tangu watu walipofungua.

Jambo la pili ni mwaka wa siku 360, ambao naona umenyooka mno. Mwezi wetu huchukua siku 29.53, miezi kumi na miwili hutoa siku 354, na upungufu wa siku kama 11 ndio unaoifanya Ramadhani irudi nyuma kila mwaka, mara iangukie masika, mara kiangazi. Upe mwaka wako siku 368. Hapo utabaki na siku 8 juu ya mizunguko mitatu ya siku 120, na usiku wa kukutana utarudi nyuma siku 8 kila mwaka, hadi mwaka wa 15 utakapoangukia tena palepale kwenye majira. Mtoto aliyezaliwa usiku huo wakati wa mavuno atauona tena usiku huo katika mavuno akiwa na miaka 15. Sijui kama katika nchi yako kuna jando, lakini ningekuwa mimi ningeliweka hapo.

Tena nane hugawa 24, 40, 120 na 368 bila kubakiza kitu. Juma lao liwe la siku nane.

Mama wa Marangu

Mwanangu, Mwalimu amesema vyema kuhusu anga, nami naongeza kuhusu watu. Sisi husema "mwezi" kwa kile kinachoangaza na kwa muda wa kulipia kodi ya nyumba, kwa sababu tunao mmoja tu. Watu wako hawatakuwa na neno hilo, basi usiwape. Kila mwezi upe kazi yake. Mjukuu apewe mambo ya kukimbia: gulio, madeni madogo, zamu za maji. Huku mlimani maji ya mfongo, yaani mfereji wa kumwagilia mashamba, hugawiwa kwa zamu, na mtu akikosea siku shamba lake la migomba hukauka huku akiyasikia maji yakipita kwa jirani; hesabu ya namna hiyo haiwezi kumngoja Bibi.

Bibi apewe uzazi na msiba. Siku zake ni 40, na arobaini tayari ina uzito kwetu, kwa mzazi aliyejifungua na kwa nyumba iliyofiwa. Tena mimba huhesabiwa wiki 40, yaani siku 280, ambazo ni Bibi saba kamili. Mama mjamzito katika hadithi yako aseme, "Nimebakiwa na Bibi wawili," na hakuna atakayeuliza maana yake.

Fikiria pia ukungu. Wakati wa masika huku tunaweza kukaa siku kadhaa bila kuuona mlima wenyewe, sembuse mwezi mwandamo. Ni nani basi mwenye haki ya kutangaza kwamba Bibi ameandama? Hapo ndipo ugomvi wa kweli utakapozuka.

Muulizaji, Moshi

Mama, Mwalimu, asanteni sana. Usiku wa kukutana nimeuita Mpakato, kwa kuwa Bibi anaonekana kama amempakata Mjukuu, na usiku wa giza nimeuita Kaniki. Ile sentensi ya baraza nitaifuta. Sura ya kwanza sasa inaanza hivi:

"Lilikuwa juma la tatu tangu Mpakato, siku ya pili. Jua lilipotua Mjukuu alikuwa nusu, juu kabisa ya paa, na Bibi alikuwa hatoki tena ila karibu na alfajiri, mwembamba kama ukucha."

Nimehesabu mara mbili: ni siku ya 18 baada ya Mpakato, Mjukuu anakua kuelekea upevu wa siku ya 24, na Bibi amebakiza siku mbili kufichika. Mwalimu, naomba unisahihishe kama nimekosea.

Mwalimu wa hesabu, Arusha

Hujakosea.